Mabouia, Phelsuma, parkeri: majina ya mijusi wa visiwani yametoka wapi?

mchora_vibao ameuliza:

Assalaam aleikum wanajamvi. Kuna vibao na kijitabu kidogo vinavyotayarishwa kwa ajili ya watembeza wageni wa Pemba, na sehemu ya mijusi imekwama kwenye majina. Kila spishi itakuwa na mistari mitatu: jina la kisayansi, jina la Kiswahili, na maana ya jina hilo la kisayansi. Mstari wa tatu ndio unaosumbua.

Mjusi kafiri wa majumbani ni *Hemidactylus mabouia*. Tumeambiwa "mabouia" ni "mabuyu" iliyoharibiwa na matamshi ya Wazungu. Kuna ukweli? Yule wa kijani wa Pemba ni *Phelsuma parkeri*: rasimu inasema "Phelsuma" ni Kilatini cha "kijani" na "parkeri" ni "wa hifadhi". Halafu kuna mabano. Mara jina la mtu na mwaka vimo ndani ya mabano, mara havimo, na mchapaji anataka vyote vifanane.

La mwisho: kwa Kiswahili tumwite "mjusi wa mchana", "geko", au nini?

---

ligodaktili amejibu:

Waaleikum salaam. Mabuyu hayahusiki kabisa, na hapo ndipo penye kisa kizuri kuliko vyote kwenye orodha yako.

"Mabouia" ni neno la Wakaribu wa visiwa vya Antili Ndogo, upande wa pili wa Atlantiki. Kwao *mabouya* (tahajia zake ni nyingi, kwa kuwa ziliandikwa na wamisionari wa Kifaransa) ni pepo mbaya. Mjusi anayenata ukutani usiku akapewa jina la pepo, na mpaka leo Martinique na visiwa jirani mjusi wa nyumbani huitwa hivyo. Moreau de Jonnès, Mfaransa, ndiye aliyemwelezea kisayansi mwaka 1818 kwa vielelezo vya huko huko, akamwita *Gecko mabouia*.

Kumbe mjusi mwenyewe si wa huko. Asili yake ni Afrika. Alivuka bahari kwenye meli, na wengi humhusisha na meli za biashara ya watumwa. Mayai yake ni mawili kwa kila utagaji, yana gamba gumu, na yanafichika vizuri kwenye ufa wa ubao au shehena. Basi mjusi wa Afrika aliondoka, akabatizwa ugenini kwa neno la Kikaribu, na jina likarudi naye nyumbani kupitia vitabu. Kanuni ya majina inafuata chapisho la kwanza. Haiulizi mnyama alianzia wapi.

Kwa hiyo kibao kisiandike "mabouia: mahali anapotoka". Kiandike "mabouia: pepo mbaya, kwa lugha ya Wakaribu wa Antili".

*Hemidactylus* ni Kigiriki: *hemi* nusu, *daktylos* kidole. Mgeuze mjusi uangalie kidole chake kwa chini: vile vikunjo vya kunatia vimejaa sehemu pana ya kidole tu, halafu kipande chembamba chenye kucha kinachomoza juu yake. Ndiyo "nusu kidole" yenyewe. Watembezaji wakionyesha picha ya mguu kwa karibu, jina litajieleza.

Tahadhari moja: utafiti wa vinasaba uliochapishwa 2021 ulionyesha kuwa jina *H. mabouia* barani Afrika limekuwa likifunika spishi kadhaa zinazofanana. Usiandike "spishi moja kutoka Senegal hadi Afrika Kusini" kama vitabu vya zamani.

---

kucha_za_paka amejibu:

Nami nichukue *Phelsuma*. Si rangi. Ni jina la mtu: Murk van Phelsum, daktari wa Uholanzi wa karne ya 18. John Edward Gray wa London ndiye aliyeliunda jina la jenasi (lile neno la kwanza la jina la kisayansi) mwaka 1825. Kinachochekesha ni kwamba van Phelsum anakumbukwa kwa maandishi yake kuhusu wale viumbe wa baharini wenye miiba kama ya nungunungu, na mijusi wa kijani wa Bahari ya Hindi ndio wamebaki na jina lake. Msomaji akiona mwisho wa *-uma* anadhani ni Kilatini cha kitu fulani. Silo neno la Kilatini hata kidogo.

"Parkeri" nayo si hifadhi. Ni Hampton Wildman Parker, mtaalamu wa mijusi, nyoka na vyura katika Jumba la Makumbusho la Uingereza. Mwisho wa *-i* ni umilikishi wa Kilatini kwa mwanamume mmoja: "wa Parker". Arthur Loveridge alimtaja hivyo mwaka 1941, katika makala moja iliyoelezea viumbe wapya wa Pemba. Makala hiyo ni hazina kwa kazi yako, maana majina mengi ya Pemba yametoka humo: *Phelsuma parkeri*, mjusi mdogo *Lygodactylus grotei pakenhami* (siku hizi wengi wanamhesabu spishi kamili, *Lygodactylus pakenhami*), chura *Phrynobatrachus pakenhami*, na nyoka uzi *Leptotyphlops pembae*. Pakenham alikuwa ofisa wa utawala wa kikoloni Zanzibar aliyekusanya na kuandika kuhusu wanyama wa Unguja na Pemba.

Makosa ninayoyaona mara kwa mara ni kusoma jina kwa jicho la lugha nyingine. *Parkeri* inasomwa kama bustani. *Abbotti* wa Shelisheli na Aldabra (*Phelsuma abbotti*) inadhaniwa ni abati wa kanisa, kumbe ni William Louis Abbott, Mmarekani aliyekusanya viumbe visiwani humo na pia Kilimanjaro. Yule minde wa Tanzania, mnyama wa jamii ya paa, kwa Kiingereza anaitwa kwa jina la Abbott huyo huyo. *Cepediana* wa Morisi haina uhusiano na kitu chochote chenye miguu. Ni Lacépède, mwanasayansi wa Kifaransa, jina lake limekatwa "La" likafanywa kivumishi.

Visiwa navyo vina mtego wake. *Phelsuma borbonica* ni wa Réunion. Ukitafuta "Borbon" kwenye ramani ya leo hulipati. Kisiwa kiliitwa Bourbon, kwa ukoo wa wafalme wa Ufaransa. Kilibadilishwa jina 1793 baada ya mapinduzi, kikarudishiwa Bourbon baadaye, kikawa Réunion moja kwa moja 1848. Mjusi amebaki na jina la ufalme.

---

bi_sarufi amejibu:

Ahsanteni. Niongeze jambo dogo kwa kucha_za_paka, kwa sababu kanuni ya "-i ni mwanamume" watu huimalizia wenyewe kwa "basi -ae ni mwanamke". Si kila mara. *Pembae* katika orodha yako mwenyewe ni "wa Pemba": Pemba ikivishwa Kilatini inakuwa nomino ya kike, umilikishi wake ni *-ae*. Vivyo hivyo *Phelsuma sundbergi longinsulae* wa Shelisheli: *longa insula*, kisiwa kirefu, kwa kuwa anatoka kisiwa kiitwacho Long karibu na Mahé. Kibao kikisema "kwa heshima ya Bi Pemba" mtachekwa.

Kwa mahali, umbo la kawaida zaidi ni *-ensis*: *madagascariensis*, *comorensis*, *seychellensis*.

---

mchora_vibao:

Bi mkubwa, kweli mwandishi wetu alikuwa ameshaandika "Bi Pemba". Nimefuta. Je, mabano?

---

bi_sarufi amejibu:

Usimruhusu mchapaji ayafananishe. Mabano yana kazi.

Mtu aliyemwelezea mnyama akimweka jenasi A, na leo mnyama yuko jenasi B, jina la mtu huyo na mwaka vinawekwa ndani ya mabano. Mnyama akiwa bado kwenye jenasi ile ile, hakuna mabano. Basi.

Loveridge alimweka *parkeri* ndani ya *Phelsuma*, na bado yumo: *Phelsuma parkeri* Loveridge, 1941. Moreau de Jonnès aliandika *Gecko mabouia*, leo yumo *Hemidactylus*: *Hemidactylus mabouia* (Moreau de Jonnès, 1818). Anayekosesha watu ni *pakenhami*. Alianza kama nususpishi, akapandishwa kuwa spishi, kwa hiyo wengi humtia mabano wakidhani "amebadilika". Daraja limebadilika, jenasi haikubadilika: *Lygodactylus pakenhami* Loveridge, 1941, bila mabano.

Kuhama jenasi huleta na jambo la pili: upatanisho. Kilatini kina jinsia ya kisarufi, na jina la spishi likiwa kivumishi hufuata jinsia ya jenasi, kama sisi tunavyosema "mti mrefu" lakini "nyumba ndefu". Boettger mwaka 1881 alimwita mjusi mmoja wa kijani *Pachydactylus dubius*. *Pachydactylus* ni ya kiume. Alipohamishiwa *Phelsuma*, ambayo ni ya kike, akawa *Phelsuma dubia* (Boettger, 1881). Ndiye anayepatikana Komoro, Madagaska, Unguja na sehemu za pwani ya bara. *Dubia* ni "wa mashaka, asiye na uhakika", na ukimwona rangi yake isiyoamua kama ni kijani au kijivu unamwelewa aliyempa jina.

Lakini jina likiwa nomino, halipatani na chochote. Ndiyo maana *Hemidactylus* ni ya kiume na bado tunaandika *mabouia*, hatuandiki "mabouius". Na *parkeri* itabaki *parkeri* hata wakimhamisha kesho.

Ukikuta tahajia mbili za jina moja kwenye vyanzo viwili, kwanza uliza: hiki ni kivumishi? Mara nyingi tofauti ya *-us* na *-a* si kosa la uchapaji, ni kumbukumbu ya kuhama.

---

kucha_za_paka:

Mfano mzuri wa hilo uko Shelisheli. Stejneger mwaka 1893 alieleza *Diplodactylus inexpectatus*, leo ni *Urocotyledon inexpectata* (Stejneger, 1893). *Inexpectata*: "asiyetarajiwa". Na Réunion kuna *Phelsuma inexpectata*, mwingine kabisa. Jina la spishi peke yake halitambulishi mnyama, hivyo usiandike "inexpectata" bila jenasi mbele yake.

*Urocotyledon* yenyewe ni Kigiriki cha mkia na kikombe, kwa sababu mkia una pedi ya kunatia kwenye ncha. Jina hilo linaelezea kiungo unachoweza kukionyesha kwa kidole. Kama *Ailuronyx* wa huko huko Shelisheli: *ailouros* paka, *onyx* ukucha. Makucha yake huingia ndani kama ya paka. (Ndiyo, jina langu la humu limetoka hapo.)

---

ligodaktili:

Kabla hamjafika mbali na majina, hakikisheni picha ni ya mnyama anayetajwa. Nimeona mabango ya utalii yameandikwa *Phelsuma* chini ya picha ya *Lygodactylus*. Maana ya jina ikiwa sahihi na mjusi akiwa siye, kazi imeharibika.

Anza na jicho. Mboni ikiwa ya wima kama ya paka, ni wa usiku: kwenu Pemba yaelekea ni *Hemidactylus*. Mboni ikiwa duara, ni *Phelsuma* au *Lygodactylus*, wote wa mchana. Kisha vidole. *Phelsuma* huoni makucha, ncha ya kidole ni pedi pana tu. *Lygodactylus* ana makucha kwenye vidole vinne, kidole gumba kimedumaa, na chini ya ncha ya mkia kuna pedi ya kunatia. Hiyo pedi ya mkiani ni alama ya uhakika ikiwa picha imepigwa akiwa kwenye kioo. Ukubwa husaidia pia: *Lygodactylus* ni mdogo, mtu mzima mara nyingi hazidi sentimita 8 au 9 pamoja na mkia, ilhali *P. parkeri* hukaribia 15.

Kosa hutokea kwa *Lygodactylus picturatus* dume, mwenye kichwa cha manjano chenye mistari myeusi. Anapendeza, kwa hiyo mpiga picha anadhani ndiye "yule mjusi maarufu". *Picturatus* ni "aliyetiwa nakshi". Peters alimwelezea kwa vielelezo vya Zanzibar. *Lygodactylus*: *lygos* ni kijiti laini kinachopindika, kama fito za kusukia, na *daktylos* kidole.

Usitegemee rangi peke yake. *Phelsuma* akipigwa baridi au akitishwa hugeuka kijani cha giza au kahawia, na picha ya alfajiri itakudanganya.

---

mchora_vibao:

Shukrani nyingi. Hii ndiyo rasimu ya pili, naomba mkosoe bila huruma:

> PHELSUMA PARKERI Loveridge, 1941. Mjusi wa mchana wa Pemba. Jina: kwa heshima ya H. W. Parker.
> Lygodactylus Pakenhami Loveridge, 1941. Geko mdogo wa Pemba. Jina: Bw. Pakenham, kidole kijiti.
> *Hemidactylus mabouia* (Moreau de Jonnès, 1818). Mjusi kafiri. Jina: pepo.

---

bi_sarufi amejibu:

Bila huruma basi. Jenasi huanza kwa herufi kubwa, spishi kwa herufi ndogo daima, hata ikiwa imetokana na jina la mtu: *pakenhami*, si *Pakenhami*. Herufi kubwa tupu kwenye mstari wa kwanza zinaficha tofauti hiyo, ziache. Jina la kisayansi liwe la mlazo, mwandishi na mwaka wima. Mkitumiana rasimu kwa WhatsApp mlazo hupotea mnaponakili. Wekeni alama ya mstari wa chini kila upande wa jina na utarudi wenyewe.

Msifupishe jenasi kuwa "P." au "L." pale jina linapotokea mara ya kwanza. *Pachydactylus* na *Phelsuma* zote ni P.

Tenganisheni maana ya jenasi na ya spishi. "Bw. Pakenham, kidole kijiti" inasomeka kama matusi kwa marehemu.

Na kama mtaweka mjusi mwenye jina la Günther kwenye ukurasa wa Morisi, mjusi mkubwa wa Kisiwa cha Round ni *guentheri*, kwa u na e. Majina yaliyotokana na Kijerumani kabla ya 1985, ile *ü* huandikwa *ue*. Mkiandika *guntheri* mmekosea.

---

sheha_wa_maneno amejibu:

Nachelewa kuingia, lakini upande wa Kiswahili bado haujaguswa.

"Mjusi wa mchana" ni maneno ya Ulaya yaliyovishwa kanzu. Huko wamezoea kuwagawa mijusi hawa kwa usiku na mchana kwa sababu wengi wao ni wa usiku. Mtu wa Pemba akisikia "mjusi wa mchana" atauliza: na gurugurumbili yeye hutoka lini? Kwa kibao, "mjusi kijani wa Pemba" kinamtosha *P. parkeri*. Kinaeleza rangi, kinaeleza kisiwa, hakihitaji maelezo.

"Geko" sina ugomvi nalo kwenye maandishi ya kitaalamu, ila lijulikane lilikotoka. Ni Kimalei, na ni mlio. Yule mjusi mkubwa wa Asia ya Kusini-Mashariki huita kwa sauti inayosikika "to-ke, ge-ko", Wafilipino wakamwita *tuko*, Wajava *tekek*. Linnaeus alimwandika *Lacerta gecko* mwaka 1758, leo ni *Gekko gecko* (Linnaeus, 1758), kwa *kk* mbele na *ck* nyuma. Mhariri asizifananishe, zote mbili ni sahihi zilivyo. Mijusi wetu hawasemi "geko". Mjusi kafiri hutoa mlio mfupi wa kubofya-bofya, *Phelsuma* ni kimya zaidi.

Sasa "mjusi kafiri". Kuna watakaotaka kulificha jina hili kwenye kibao wakiona linakera. Mimi naona libaki, limo kwenye kamusi na ndilo watu wanalolisema, lakini watembezaji waulizwapo wajue la kujibu. Katika hadithi iliyomo kwa Bukhari, mjusi huyu (*wazagh* kwa Kiarabu) ametajwa kuwa alipuliza moto aliotiwa Nabii Ibrahim, na katika riwaya ya Muslim ameitwa *fuwaysiq*, yaani kifasiki, fasiki mdogo. Kwenye pwani kisa hicho hicho ndicho watu wanachokisimulia wakiulizwa kwa nini mjusi huyu ni kafiri.

Kwa hiyo mstari wako wa tatu una bahati ya pekee. Kiarabu kimemwita fasiki, Kiswahili kikamwita kafiri, Kikaribu kikamwita pepo, na lugha hizo mbili za mwisho hazikuwahi kukutana. Waarabu wana jina jingine pia, *saam abras*, ambamo *abras* ni mwenye mbalanga, kwa ile ngozi yake iliyopauka. Nadhani chanzo ni kilekile: mnyama mweupe-mweupe, anatembea darini kichwa chini, anatoka usiku, anakatika mkia na mkia unaendelea kucheza. Hakuna lugha iliyomwona ikamwita "rafiki", ijapokuwa kazi yake ni kula mbu na nondo.

Kibao chenyewe ningekiandika hivi:

> *Hemidactylus mabouia* (Moreau de Jonnès, 1818)
> Mjusi kafiri
> *Hemidactylus*: "nusu kidole" (Kigiriki). *mabouia*: "pepo mbaya" (lugha ya Wakaribu wa Antili, alikoelezewa mara ya kwanza, asili yake ni Afrika).

---

mchora_vibao:

Nimechukua kama kilivyo. Swali moja la mwisho: watembezaji wayatamkeje mbele ya wageni?

---

ligodaktili:

Kama yanavyosomeka kwa Kiswahili, silabi kwa silabi. Felsuma. Ligodaktilus. Hemidaktilus mabuia. *Ph* ni f, *y* ni i, *c* mbele ya a, o, u ni k. *Parkeri* na *pakenhami* yaanze kama jina la mtu lilivyo, kisha *-i* imalizie: "Paka-ri" atakosea, "Parkeri" yuko sawa. Wageni wenyewe kila mmoja ana matamshi yake, Mwingereza na Mjerumani hawakubaliani hata kwenye *Phelsuma*.